Anza na mikono: namna ya kuandika maisha ya wafanyakazi na wenyeji wa ardhi uliyohamia

Kabla hujaandika sentensi hata moja kuhusu mfanyakazi, itazame mikono yake kwa wiki nzima. Usiandike kwamba amechoka, ameonewa au ni shujaa. Andika anashika nini, kwa mkono upi, anaanzia wapi, anaishia wapi, na ni kitu gani kikimponyoka kitamwumiza. Weka daftari dogo mfukoni, linaloenea kiganjani, ujaze kurasa bila sifa wala lawama.

Nayasema haya mimi niliyezaliwa kambini, kwenye shamba la mkonge karibu na Muheza, mkoani Tanga. Huu ni mwaka wangu wa kumi na mmoja Midland, mashariki mwa jiji la Perth, Australia Magharibi. Kazi yangu ni kuhudumia wazee katika nyumba ya wazee, na nikitoka zamu naandika hadithi kwa Kiswahili. Vijana wetu wa huku, waliotoka Kigoma, Bukavu na Bujumbura, wengine kwa masomo na wengi kwa njia ndefu ya kambi za wakimbizi, huniuliza swali moja: nitawaandikaje watu wa nchi hii, wale wa viwandani na wale wenye ardhi yao, bila kuwadhulumu? Jibu nimelipata kwa kuyasoma maisha ya mwanamke mmoja, mema yake na makosa yake, kisha kwa kosa langu mwenyewe.

Mwanamke huyo ni Katharine Susannah Prichard. Nyumba yake ipo Greenmount, kwenye safu ya vilima unayoiona mbele yako ukiwa Midland, na leo ni kituo cha waandishi. Uani kuna kibanda cha kuandikia alichojengewa na mumewe. Alizaliwa Levuka, Fiji, mwaka 1883, baba yake akiwa mhariri wa gazeti. Baadaye baba alipoteza kazi huko Tasmania na vyombo vya nyumbani vikauzwa. Mtoto aliyeona viti vya kwao vikibebwa na wageni hahitaji kuhadithiwa maana ya kukosa. Alipokua alifundisha watoto majumbani huko mashambani, kisha akawa mwandishi wa habari Melbourne na London. Mwaka 1919 aliolewa na Hugo Throssell, askari aliyetunukiwa nishani ya Victoria Cross kwa ushujaa wake vitani Gallipoli, Uturuki, wakahamia Greenmount. Mwaka uliofuata alikuwa miongoni mwa waasisi wa Chama cha Kikomunisti cha Australia.

Jambo la kwanza la kuiga kwake ni miguu. Alikwenda. Alipotaka kuandika sarakasi, alisafiri na sarakasi. Alipotaka kuandika wachimba opali, vito vya thamani, alikwenda kwenye mashimo yao. Na kwa riwaya yake ya 1926, Working Bullocks, alikwenda kusini-magharibi, kwenye misitu ya karri, miti ambayo mingine hupita mita 80 kwenda juu. Humo aliwaandika waendesha maksai waliokuwa wakiburuta magogo hadi kwenye viwanda vya kupasua mbao, na familia zilizoishi kando ya misumeno ile. Ukiisoma unaisikia minyororo ikikazika na gogo likikataa kusogea. Mgomo unapofika, msomaji hashangai, maana hatari ameshaiona mikononi mwa watu kurasa nyingi kabla mtu hajasimama kuhutubia. Hilo ndilo ninalotaka ujifunze: hotuba ikitangulia, hakuna anayeisikiliza.

Zoezi la dakika tano

Chagua kitendo kimoja cha kazi kisichozidi dakika tano. Kisiwe kikubwa. Mimi nilichagua kumvisha mzee soksi za kubana, zile ndefu za kuzuia miguu isivimbe. Mara ya kwanza niliandika: "Ni kazi ngumu inayohitaji subira." Sentensi hiyo haina mtu ndani yake, angeweza kuiandika yeyote ambaye hajawahi kuishika soksi. Nikarudi kazini na daftari, nikamtazama mwenzangu, na usiku nikaandika hivi:

"Anaingiza mkono ndani ya soksi mpaka kisiginoni, anakibana kisigino kwa vidole viwili, anaigeuza nje ndani. Anapiga goti. Ngozi ya mguu wa bibi ni kama ganda la kitunguu, kwa hiyo vidole havivuti, vinasukuma kidogo kidogo kutoka chini. Kisigino kikishakaa mahali pake anapitisha kiganja kuondoa mikunjo, maana mkunjo mmoja ukiachwa mpaka jioni huwa kidonda. Halafu mguu wa pili. Wamebaki wazee kumi na mmoja, na chai ni saa nne."

Hakuna neno "ngumu" humo, wala "subira", wala "huruma". Vyote vimo. Na ulipofika kwenye wale kumi na mmoja, mgongo wako mwenyewe umeanza kuuma.

Fanya hivyo kwa kazi tatu tofauti kabla hujagusa hadithi. Ukikwama, rudi kwenye kazi ya nyumbani kwenu. Baba yangu alikuwa mkata mkonge. Mpaka leo nikifumba macho namwona anapiga mwiba wa ncha kwanza, kisha jani lenyewe kwenye shina, analitupa kwa mkono wa kushoto, na yakifika majani thelathini anafunga tita. Nyuma yake tumo sisi watoto tunahesabu, na mbali inasikika korona, mashine ya kutoa nyuzi za mkonge, ikisaga. Mtu aliyekua akihesabu matita ana jicho tayari, na jicho hilo linafanya kazi kokote duniani. Usiliache uwanja wa ndege.

Sasa, kwa nini nasisitiza mikono? Kwa sababu kazi hufanyika hadharani. Mgeni anaruhusiwa kuitazama, kuiuliza, hata kuijaribu akacheka na wenyewe. Moyo wa mtu ni chumba cha ndani. Hapo hodi hubishwa, na ukiambiwa usiingie, huingii. Hapo ndipo mwalimu wangu alipojikwaa.

Kisima kivulini

Mwaka huohuo wa 1926 Prichard alikwenda kukaa Turee Creek, ranchi ya ng'ombe mbali sana kaskazini-magharibi. Ziara hiyo ilizaa tamthilia, hadithi fupi na riwaya iliyompa jina kubwa kuliko zote, Coonardoo. Mwaka 1928 ilishinda tuzo ya gazeti la The Bulletin kwa pamoja na riwaya nyingine, ikatolewa humo kwa mfululizo. Inaanza na mtoto wa kike ameketi chini ya vichaka, anagonganisha vijiti viwili, anaimba wimbo wa kangaruu wakivuka vilima jioni. Jina lake, anatueleza mwandishi, ni kisima kivulini. Mtoto huyo anakua akitumika katika nyumba ya wenye ranchi, anazaa na Hugh, mwana wa mwenye ranchi, na mwishowe mwanamume huyohuyo anamfukuza.

Tuwe waadilifu kwake. Wakati ule, chini ya sheria ya 1905, maisha ya wenyeji wa asili wa Australia Magharibi yalikuwa mikononi mwa afisa wa serikali aliyeitwa mlinzi mkuu wao. Kwenye ranchi wengi walifanya kazi kwa posho ya unga, chai, sukari na tumbaku. Wanaume weupe walizaa na wanawake wa asili na hakuna aliyekuwa tayari kulisoma hilo gazetini akinywa chai yake. Prichard aliliandika. Wasomaji wengi walighadhibika. Ulihitajika moyo, na mimi namheshimu kwa hilo bila kusita.

Lakini isome tena kama mwandishi. Hugh ana mawazo, ana majuto, ana hasira anazobishana nazo. Coonardoo anapenda, anatii, anasubiri. Mikono yake tunaiona vizuri: inachota maji, inafagia, inatandika farasi. Ndani yake tunaambiwa tu na mtu aliyekaa pale kwa muda mfupi. Waandishi na wasomi wa asili wamelisema hili kwa miaka mingi, nami nakubaliana nao.

Na kuna jambo kwenye dibaji lililonifanya nikifunge kitabu nitoke nje. Mswada ulipokamilika, Prichard aliupeleka kwa Ernest Mitchell, mkaguzi mkuu wa mambo ya wenyeji katika Australia Magharibi, mtu mwenye uzoefu wa miaka thelathini, na anatueleza kwamba mkaguzi hakuona kasoro katika namna watu wale walivyochorwa. Mkaguzi, jamani. Mtumishi wa sheria ileile ndiye aliyeulizwa kama picha inafanana. Nilijiuliza wanawake wa Turee Creek wangesema nini kama wangesomewa, wamekaa chini ya mti, hata kwa mkalimani. Basi shika hili: mswada wako unapotafuta hakimu, usiupeleke kwa msimamizi, wala kwa mwajiri, wala kwa daktari aliyebobea katika watu wale. Upeleke kwa wenyewe.

Majina

Hapa nitapita haraka. Usiseme "Waaborijini" ukadhani umemtaja mtu. Ni kama kumchukua Mbondei, Mzigua na Msambaa ukawaita wote "mtu wa Tanga" ukaendelea na hadithi yako. Perth ni ardhi ya Wanoongar, na sehemu hii hasa ni ya Wawhadjuk. Ukienda Pilbara, kaskazini mwa jimbo hili, utakuta mataifa mengine, lugha nyingine. Uliza, sikia namna wanavyolitamka, andika hivyo.

Kosa langu

Miaka minne iliyopita nilimhudumia bibi mmoja Mnoongar. Wazee wa kike wa jamii yao huitwa Shangazi hata na wasio ndugu, nami nikamwita hivyo kwa Kiswahili, akalipenda neno. Yeye alinisalimu "Kaya", ndiyo salamu ya Kinoongar, na nilipomweleza kwamba kwetu kaya ni watu wote wanaokula chungu kimoja, alicheka mpaka akakohoa. Akawa ananihadithia maisha ya mashamba ya ngano: baba yake akikata manyoya ya kondoo na kung'oa visiki, mama yake akifua nguo za mwenye shamba. Nikifika nyumbani naandika. Niliandika kila kitu, pamoja na jina la kaka yake aliyefariki kijana. Nilidhani namheshimu.

Siku moja nikamsomea, nikitafsiri papo hapo. Nilipolitaja lile jina aliinua mkono, kiganja kikinielekea mimi, akageukia dirishani. Hakusema neno mpaka zamu yangu ikaisha.

Katika jamii nyingi za wenyeji wa Australia jina la marehemu halitajwi ovyo, na wakati mwingine picha yake haionyeshwi mpaka familia iruhusu. Hilo ningeweza kulijua kwa kuuliza tu. Lakini kosa lilikuwa kubwa kuliko jina. Nilikuwa nimechukua maneno ya mtu aliyekuwa chini ya huduma yangu, na mtu wa namna hiyo hawezi kukukatalia kwa uhuru, kwa sababu wewe ndiye unayemvisha soksi asubuhi. Aliponiambia "ndiyo, andika," ilikuwa ndiyo ya nani? Ya rafiki, au ya mtu anayetaka kesho avishwe kwa upole?

Nikamwomba radhi, yeye na binti yake. Kurasa zile nikazichana mbele yao. Tangu hapo nina masharti, na nawaomba nanyi myashike. Mtu anayekutegemea leo, awe mgonjwa, mwanafunzi au mpangaji wako, usimwandike leo. Subiri mpaka utegemezi uishe. Ukifika wakati wa kuomba ruhusa, usiulize tu "naweza kuandika?" maana watu wa heshima hujibu ndiyo. Uliza: nani asitajwe? Kisha: nani mwingine katika familia ana haki ya kuisikia hii kabla ya watu? Ukishaandika, omba ruhusa tena, sasa akiwa ameyasikia maneno yenyewe. Ruhusa ya kabla ni ya hadithi aliyoidhania. Ya baada ndiyo ya hadithi iliyopo. Akikataa hapo, weka kalamu chini. Baraza la Sanaa la Australia, ambalo tangu 2023 linaitwa Creative Australia, nalo limetoa mwongozo wa kufanya kazi na utamaduni wa watu wa asili. Utafute, usome kabla ya kuanza.

Njia nyingine, ambayo kwangu ndiyo bora, ni kutoa nafasi. Kim Scott, Mnoongar, mwandishi wa kwanza wa asili kushinda tuzo ya Miles Franklin, tuzo kubwa ya riwaya ya Australia, mwaka 2000, aliandika kitabu pamoja na mzee wa ukoo wake, Hazel Brown. Kilitoka 2005, kinaitwa Kayang and Me. Humo sauti mbili zinapokezana: mzee anasema yake kama alivyoyasema, kisha mwandishi anasema yake. Hakuna anayeingia chumba cha mwenzake. Ukiwa na kinasa sauti na subira ya kunukuu neno kwa neno, unaweza kuandika hivyo hata kama wewe ni mgeni kabisa, mradi jina la msimulizi likae kwenye jalada na malipo mgawane.

Tafuta karatasi ya kazi

Waandishi wengi huwagawa watu hawa mafungu mawili: huku wafanyakazi na vyama vyao, kule wenyeji wa asili na nyimbo zao. Usifanye hivyo. Ranchi za kaskazini zilisimama juu ya migongo ya wafanyakazi wa asili. Tarehe 1 Mei 1946, wapatao 800 kutoka ranchi zaidi ya 20 za Pilbara waliacha kazi wakidai mshahara, na mgomo wao ukadumu miaka mitatu. Mpango ulianza kwenye mkutano wa 1942 mahali paitwapo Skull Springs, ambapo wazee wa lugha nyingi walikutana na kuelewana kupitia wakalimani. Kisha Dooley Bin Bin, mmoja wa viongozi wa mgomo, akapita ranchi kwa ranchi akigawa kalenda, ili watu walio mbali mbali wafute siku moja baada ya nyingine mpaka siku yenyewe ifike.

Niliposoma habari za kalenda zile niliacha kusoma. Babu yangu aliletwa Tanga kama manamba, kibarua wa mkataba kutoka mbali, na katika kopo la majani ya chai bibi alitunza kipande chake: kadi ya nafasi thelathini, kila siku ya kazi iliyokamilika inatiwa alama, na bila alama thelathini hakuna mshahara. Kadi ya babu ilihesabu siku alizodaiwa. Kalenda za Pilbara zilihesabu siku za kwenda kudai. Karatasi mbili zenye visanduku, bahari nzima katikati, na mtu akizishika pamoja ana riwaya mkononi.

Kwa hiyo, popote utakapoandika, tafuta karatasi ya kazi: hati ya mshahara, orodha ya posho, ratiba ya zamu iliyobandikwa jikoni, kadi ya chama. Iombe, inakili kwa mkono, pamoja na makosa ya tahajia. Midland hapa palikuwa na karakana kubwa za reli tangu 1904 mpaka zilipofungwa 1994, na wazee waliofanya kazi humo bado wanazo karatasi zao kwenye droo. Ukimwuliza mzee wa reli "maisha yalikuwaje?" atakujibu "mazuri". Mwambie akuonyeshe hati yake ya mwisho ya mshahara, utakaa mpaka usiku.

Saa ya kuandika

Maisha ya mwandishi wa watu wa kazi ni maisha ya mtu wa kazi. Mwaka 1933, Prichard akiwa katika safari iliyomfikisha Umoja wa Kisovieti, Hugo alijiua, akiwa amelemewa na madeni. Alirudi Greenmount kwa mwanawe pekee, akaendelea. Riwaya zake tatu za machimbo ya dhahabu ya Kalgoorlie zilitoka kati ya 1946 na 1950, yeye akiwa na miaka zaidi ya 60. Usisubiri uhame kazi ndipo uandike. Mimi huamka saa kumi alfajiri, naandika nusu saa na chai ya tangawizi, na saa kumi na mbili nimevaa sare. Nusu saa hiyo haitoshi kwa sura nzima. Inatosha kwa soksi moja.

Shangazi yule sikumhudumia tena. Nilihamia nyumba nyingine ya wazee. Mwaka jana binti yake alinipigia simu: mama anauliza ile hadithi iko wapi. Nikaandika upya, fupi, bila kaka, bila jina lolote, sehemu ya mama yake na nguo peke yake. Tulikaa kibarazani kwa binti, watu watano wa familia wakisikiliza, nami nikitafsiri polepole. Nilikuwa nimeandika kwamba mama alifua nguo za mwenye shamba mpaka vidole vikachubuka.

"Hapana," akasema. "Vidole vyake havikuchubuka kwa kufua. Ni sabuni. Alikuwa anaipika mwenyewe, mafuta ya kondoo na kostiki soda, kwenye debe, nje. Unakoroga kwa mti mrefu na unasimama upande unaotoka upepo. Mama alikuwa mfupi, na mti wake ulikuwa mfupi." Akaonyesha kwa mikono yake, ya juu imeshika imara, ya chini inazungusha, na kichwa amekigeuza pembeni ili mvuke usimfike machoni.

Nikafuta sentensi yangu, nikaandika mikono ile. Akataka nimsomee tena, kisha akamtazama binti yake, na binti akatikisa kichwa kukubali.